Chai ya Hatua ya Ishirini na Nne

Kwenye kumbi za sataranji walimwita Kobe, naye hakununa, maana jina lilimkaa kama nguo ya kupimwa. Alikuwa mchezaji wa kulipwa mwaka wa kumi na tisa sasa, na hakuna aliyewahi kumwona akisogeza kete bila kwanza kuikodolea macho kama mtu anayechagua samaki. Polepole hiyo ilimfikisha mbali. Ili upewe cheo cha bingwa mkuu, kikubwa kuliko vyote katika mchezo huo, sharti ung'are katika mashindano matatu makubwa. Kobe alikuwa ameshang'ara katika mawili. La tatu lilikuwa limempiga chenga mara saba.

"Hebu niambie kwa lugha ya mshonaji," dada yake alimwambia asubuhi ya siku ya mwisho, akimnyooshea kola. "Leo unahitaji nini hasa?"

"Sare tu, dada. Nisipofungwa, cheo nimepata."

"Na ukifungwa?"

Walikuwa wameshapatana: akikosa safari hii, begi lake la mashindano litapanda juu ya kabati, naye atakaa kwenye cherehani ya pili dukani kwa dada.

"Nikifungwa nitakushonea magauni."

"Wewe? Gauni moja miezi sita! Mteja atakuwa ameshanenepa. Nenda kacheze, mdogo wangu, uniokolee duka."

Balaa ni kwamba mpinzani wa siku hiyo alikuwa Chiriku. Kobe alimfundisha tangu akiwa na miaka tisa. Sasa alikuwa na ishirini na mbili, bingwa mkuu tayari, mwepesi wa mkono na mwepesi zaidi wa mdomo.

"Shikamoo, mwalimu."

"Marahaba. Umelalaje?"

"Kama gogo. Wewe?"

"Kama popo."

Wakacheka, wakapeana mikono, na mwamuzi akaruhusu saa zianze. Kila mmoja alikuwa na saa mbili za kumaliza hatua arobaini; zikimwishia kabla, amefungwa. Ukishacheza hatua yako, unabonyeza kitufe. Saa yako inasimama, ya mwenzako inaanza kutembea. Mtoto wa darasa la kwanza anaweza.

Katika hatua ya ishirini na nne Kobe aliona kitu kizuri mpaka akaona haya. Farasi wake aliruka hadi katikati ya ubao, akatulia pale kama bibi harusi. Kobe akaiandika hatua hiyo kwenye karatasi yake kwa mwandiko mzuri. Chiriku akashika kichwa kwa mikono miwili. Basi Kobe, roho kwatu, akainuka kwenda chumba cha chai cha wachezaji.

Runinga ya mle ndani ilionyesha mbao zote, lakini haikuonyesha saa. Alikunywa kikombe kimoja, akatazama: Chiriku bado hajasogeza kitu. "Leo anafikiri," akajisemea, na kifua kikamjaa. Miaka kumi na mitatu alikuwa akimsihi mtoto huyu atulize mikono! Akaongeza kikombe cha pili na kipande cha keki. Alikuwa amebakiwa na dakika thelathini na moja. Haraka ya nini?

Aliporudi, ukumbi ulikuwa kimya kupita kawaida. Kwenye viti vya watazamaji dada yake alikuwa amejaza ncha ya mtandio mdomoni. Mwamuzi, ambaye sheria inamkataza kumkumbusha mchezaji lolote, alikuwa akichunguza dari. Chiriku alikuwa karibu kulia.

Kobe akatazama saa. Iliyokuwa ikitembea ni yake. Alisahau kubonyeza.

Dakika nne. Hatua kumi na sita.

Akabonyeza. Chiriku akajibu papo hapo, na hapo Kobe akafanya jambo ambalo hakuwahi kulifanya maishani: akacheza hatua ya kwanza iliyomjia. Halafu nyingine. Mkono ulikimbia, na jicho halikuyumba. Kumbe jicho lilikuwa likijua siku zote, na zile nusu saa zake ndefu alikuwa akizitumia kulihoji tu, kama mama mkwe. Katika hatua ya thelathini na tatu shaka ya zamani ikamrudia, ikamla sekunde hamsini.

"Cheza, jamani!" sauti ya dada ikapasuka. Mwamuzi akamnyooshea kidole, dada akarudisha mtandio mdomoni.

Hatua ya arobaini Kobe aliicheza zikiwa zimebaki sekunde tatu. Wote wawili wakaongezwa saa nzima. Akakalia mikono yake isije ikaendelea kucheza yenyewe.

Ubaoni walibaki na wafalme na ngome mojamoja, na Chiriku alikuwa na askari mmoja wa ziada. Kwa dakika arobaini alimsukuma, akamrudia, akamzungusha, lakini ngome ya Kobe ilimganda askari yule kama kupe. Mwishowe akanyoosha mkono.

"Sare, mwalimu?"

"Sare."

Dada alivuka kamba ya watazamaji bila kuomba ruhusa ya mtu. "Bingwa mkuu! Mshenzi wewe, umeniua kwa sababu ya keki!"

Chiriku alikuwa akifuta macho. "Mwalimu, nilikaa pale nikijiuma ulimi. Nilitaka kukwambia."

"Ungeniambia nisingekusamehe."

"Ndiyo maana nikajiuma."

Kobe akamtazama usoni. "Na huku mwisho, hukunionea huruma?"

"Huruma! Nilikuwa nababaika na huo mkono wako. Tangu lini unakimbia? Ngoja nikuonyeshe."

Wakapanga kete upya, kama wachezaji wafanyavyo kila mchezo unapokwisha. Chiriku akairudisha hatua ya thelathini na tatu. "Ona. Ningeleta malkia hapa. Ulikuwa maiti."

"Sikuwa maiti."

"Maiti kabisa, mwalimu. Ungebaki kuzikwa tu."

Mwamuzi akaja na fomu ya cheo na kalamu. "Bingwa mkuu, saini yako hapa, tafadhali."

"Subiri kidogo," Kobe alisema, kidevu kiganjani, macho kwa malkia.

Mwamuzi alimfahamu kwa miaka mingi. Akavuta kiti, akaketi, akamwomba dada wa bingwa mkuu amsogezee na yeye chai.