Ndege Zinazotokea Ubavuni

...na bado zinatokea ubavuni, hizi ndege, nimeshageuza kila kinachogeuzika na bado zinaingia kutoka pembeni badala ya kushuka kutoka juu, wakati kwenye mashine ya gemu ya Baba zilikuwa zinashuka, nina hakika nalo kama ninavyolijua jina langu, zilishuka tatu tatu na wewe uko chini unazisubiri, sasa hizi zinaingia ubavuni kama watu waliochelewa mkutano, na mimi niko sakafuni, Jumamosi saa nne asubuhi, magoti yananiuma, mbele ya televisheni ya Mama niliyoisimamisha kwa ubavu na kuiegemeza kwenye matofali mawili na kamusi, kwa sababu Bwana Rahisi alisema mashine za zamani zilikuwa na kioo kirefu kwenda juu, we isimamishe tu dada, ni rahisi, kila kitu kwa huyu mdogo wangu ni rahisi, ndiyo maana tumempa hilo jina tangu utoto, yeye amekaa zake huko mbali anauza madirisha na ananitumia ujumbe wa sauti wa dakika nane huku anakula, namsikia anavyotafuna, anasema unapakua emuleta, hiyo ni programu tu ya kuifanya kompyuta ijifanye mashine ya zamani, halafu unaiwekea faili la gemu, unachomeka kisanduku cha kuchezea, basi, dakika kumi... dakika kumi zangu hizi zimeingia wiki ya tatu.

Mama anauliza kutoka jikoni televisheni yake itakaa hivyo mpaka lini, ni mara ya tatu tangu chai, namwambia sasa hivi Mama, sasa hivi, na yeye anajibu kitu ambacho sikisikii vizuri kwa sababu ya bomba la maji, kitu kuhusu tamthilia yake na shingo, jana aliitazama kichwa amekilaza begani, hakulalamika, alikaa hivyo saa nzima makusudi ili nimwone... nafunga programu, nafungua tena, nabofya faili, Ndege Nyekundu, sisi ndivyo tulivyoiita kwa sababu ya ndege tatu zilizochorwa ubavuni mwa mashine, jina lake la kigeni liko juu kwa herufi za manjano, nililiona kila siku ya utoto wangu na ndilo hili nililoandika, herufi kwa herufi, na likapatikana, sasa kosa ni lipi, kioo kinakuwa cheusi tii, nahesabu moja mpaka sita, halafu muziki, na picha imejibana katikati ya kioo kama mkanda, na ndege, haya, karibuni, zinatokea ubavuni. Nachoka. Mimi ni mwalimu wa udereva, nakaa kutwa nzima kando ya watu wazima wanaokanyaga mafuta wakidhani ni breki, na sijawahi kumpandishia mtu sauti, wanafunzi wangu wananisifu hivyo, mwalimu ana subira, wangeniona sasa hivi ninavyotamani kuitupa hii kompyuta dirishani na madirisha yenyewe ya Bwana Rahisi.

Na Baba yuko nyuma yangu kwenye kiti chake, kimya, kisanduku cha kuchezea kiko mapajani, fimbo moja na vitufe sita, nilikinunua kwa mtu aliyekuwa anahama, na kitufe kimoja kinakwama, ukikibonyeza kinabaki ndani kama kimesinzia, hilo nalo linanisubiri... mkono wake wa kulia umelala juu ya taulo, hivyo hivyo ulivyolala tangu kiharusi, na huo ndio mkono ninaoutaka, si gemu, nani ana shida na gemu, naitaka hiyo mikunjo ya vidole ifanye kazi. Yule binti wa mazoezi ya viungo aliniambia mlangoni akiwa anavaa viatu, alinong'ona ili Baba asisikie, dada, vidole vikiachwa hivyo miezi hii michache vitakaza, na vikishakaza hatutavifungua, basi. Mipira ya kubana ameikataa, mmoja alioupokea aliuachia ubingirike chini ya kabati na bado uko huko, vibanio vya nguo amevikataa, udongo wa kufinyanga akautazama tu halafu akanitazama mimi, akasema polepole, maneno yakimtoka moja moja kama anayalipia, yeye si mtoto wa chekechea. Nikamwambia Baba, si kwa ubaya. Akafumba macho. Ndipo nikapata hilo wazo langu la ajabu, nikajiona nina akili kuliko daktari, nikasema huyu mtu miaka ishirini na miwili aliendesha ukumbi wa gemu, mpe gemu, akisikia ile milio tu vidole vitakumbuka vyenyewe.

Ukumbi... ulikuwa na mashine kumi na nne, sakafu ya saruji, harufu ya lehemu na jasho la wanaume, na mimi asubuhi kabla ya shule nikiwa na sare tayari napita mashine baada ya mashine, nabonyeza kila kitufe mara tano, nasukuma fimbo pande zote, Baba yuko nyuma ya mojawapo mlango uko wazi nyaya zimemwagika, anauliza bila kutoa kichwa, ya nne je, nasema nzima, ya tano, nzima, ya sita, Baba ya sita haipigi, na ikitokea nimesahau nimeanza kucheza, nimepita hatua ya kwanza, anajua, sijui alijuaje, alikuwa anasikia mlio tu, anasema jaribu, usicheze. Jaribu, usicheze. Basi naachia fimbo na ndege zinanimaliza nimesimama nazitazama. Wateja walicheza, kaka zao walicheza, Bwana Rahisi alipozaliwa akakua akaruhusiwa kucheza kwa sababu hakujua kujaribu, alikuwa anavunja tu, mimi sikuwahi kumaliza gemu moja katika ukumbi wa baba yangu mzazi, na nikisema niliumia nitaonekana mtu mzima hovyo, lakini niliumia.

Nabofya tena. Cheusi. Moja, mbili, tatu... nageuza mipangilio, kushoto, kulia, juu chini, picha inajipindua sasa ndege ziko miguu juu, narudisha, Bwana Rahisi ametuma ujumbe mwingine, sifungui, akiniambia ni rahisi nitamkana, na nyuma yangu kuna sauti, nadhani ni kiti, kumbe ni yeye.

"Hiyo siyo."

Siyo nini, Baba, namuuliza bila kugeuka, najua sauti yangu imekuwa kali, na yeye anakusanya maneno, nasikia anavyoyakusanya, anasema gemu, siyo hiyo. Nasema Baba ndiyo hiyo, Ndege Nyekundu, jina si ndilo hili, tazama. Mama amefunga bomba, nyumba nzima inasikiliza. Halafu habari inamtoka, vipande vipande, nami naviunga, kwamba bodi ya Ndege Nyekundu, kile kibao cha nyaya chenye gemu yenyewe, iliungua mwaka ule niliokuwa darasa la tatu, akatafuta nyingine hakupata, akapata bodi ya gemu nyingine kabisa, ya ndege vile vile ila za kushuka kutoka juu, akaifunga ndani ya kabati lile lile la mashine, na nani angepoteza rangi kupaka upya ubavu wa kabati, mafundi wote walifanya hivyo, nje jina moja ndani kitu kingine, mteja anataka ndege, ndege zipo. Mtaa mzima, miaka yote hiyo, tulikuwa tunaita mashine kwa picha zilizochorwa ubavuni. Wiki tatu. Wiki tatu nageuza televisheni, natafuta kosa kwenye gemu isiyo na kosa, hii gemu maskini ndivyo ilivyozaliwa, ndege zake zinatokea ubavuni kwa sababu zinatakiwa zitokee ubavuni, na huyu mzee amekaa nyuma yangu tangu siku ya kwanza anatazama.

"Kwa nini hukusema, Baba? Wiki tatu zote hizi?"

"Hukuniuliza, mwalimu."

Mwalimu, ananiita mwalimu akitaka kunichokoza, hajanichokoza tangu aanguke, lakini sasa hivi sina nafasi ya kufurahi, namuuliza haya, hiyo nyingine inaitwaje, ananitajia, neno moja fupi la kigeni maana yake nyigu, analitaja vizuri bila kukwama kama alivyokuwa anaagiza bodi kwa simu, na nashuka kwenye orodha ya mafaili ya gemu aliyonitumia Bwana Rahisi, maelfu, nashuka, nashuka... lipo. Lipo, tena si mbali, nimelipita mara mia, naweka mshale juu yake, kubofya tu, nikibofya hapa zitashuka kutoka juu tatu tatu, nitageuka, nitamwekea kidole chake juu ya kitufe, nitasema haya Baba cheza, na atafanya nini, nauliza kwa sababu kuna kitu kinanisumbua tangu aseme bodi, najaribu kumwona Baba anacheza, katika ile miaka ishirini na miwili, mara moja tu, amesimama mbele ya mashine ameshika fimbo, namtafuta, namwona nyuma ya mashine, namwona chini ya mashine, namwona ameweka sikio kwenye kabati la mashine, waya wa mita ya kupimia umeme uko mdomoni, mbele simwoni. Hakuwahi kucheza. Hata siku moja. Gemu hazikuwa na ladha kwake zikiwa nzima, mashine ikiwa nzima aliipa mgongo. Aliyekuwa anataka kucheza ni mimi, Mungu wangu, ni mimi, nimemchukua fundi nimemfanya mteja, nimemwekea hamu yangu mimi nikaiita dawa yake.

Na kidole kimeteleza au nimekitelezesha, sijui, mshale umerudi kwenye lile faili la zamani na nimebofya, kioo kimekuwa cheusi, na ndani ya weusi, kwa kuwa dirisha liko nyuma yetu, namwona, kama kwenye kioo cha kujitazamia. Kisanduku amekipindua tumbo juu. Mkono wa kushoto umekishika, na wa kulia umetoka kwenye taulo, kile kidole gumba kilichokataa mpira, kilichokataa vibanio na udongo, kimeweka ukucha kwenye skrubu ya chini na kinasukuma, kinateleza, kinarudi, kinasukuma, vile vingine vinne vimejikunja kukisaidia, vinatetemeka, vimejikunja vyenyewe hakuna aliyeviomba, anatafuta kitufe kinachokwama... nne, tano, sita, muziki, ndege zimetokea na weusi umeondoka na Baba naye. Najizuia nisigeuke. Kila nikigeuka anaufunika ule mkono, nimeshaona mara ngapi, binti wa mazoezi akiangalia unakufa, mimi nikiangalia unakufa. Shingo yangu inataka kugeuka yenyewe. Mama anauliza, vipi, imekubali? Na nasema kwa sauti kubwa, kubwa kuliko inavyohitajika, haijakubali Mama, hili dubwana limenishinda, sijui hata nifanye nini, napiga sakafu kwa kiganja ili shida yangu isikike vizuri, nafunga programu, faili la nyigu liko pale pale, safi, linanisubiri, nalipita, nabofya lile lisilofaa, kioo kinakuwa cheusi na namtazama, moja, mbili, skrubu imezunguka kidogo, tatu.