Aproni ya Wetu

Nyuma ya mlango wa jiko la kituo cha redio palining'inia aproni moja ya maua mekundu, iliyopauka kwa kufuliwa, na kila mfanyakazi aliijua sheria yake. Msomaji ambaye ulimi wake ungeteleza hewani akasema "wetu" au "wao" alipokuwa akitaja watu wa upande wowote wa daraja, angeivaa kesho yake asubuhi na kuwachemshia wenzake chai. Hakuna aliyekumbuka ni nani aliyeianzisha sheria hiyo. Ilikuwa adhabu ya kuchekesha, lakini iliwafanya wasomaji wayapime maneno yao kama mtu anayepita penye utelezi hali amebeba mayai.

Kituo kilikuwa na taarifa moja na lugha mbili. Habari ziliandikwa kwa lugha ya pamoja, kisha karatasi ileile ikasomwa kwanza kwa lugha ya watu wa mlimani, halafu kwa lugha ya watu wa mtoni. Ya mlimani ilisomwa na binti ambaye ofisi nzima ilimwita Dada. Ya mtoni ilisomwa na mdogo wake, Kinanda. Baba yao alikuwa mmoja na mama zao wawili, na kila mmoja alisoma kwa lugha aliyoinyonya kwa mama yake.

Jina la Kinanda lilitoka kwa baba. Siku ya kwanza alipomsikia binti yake mdogo hewani, aliwaambia wateja, "Hiyo si sauti, hicho ni kinanda." Dada alikuwa amerithi jina la bibi yao mzaa baba, hivyo baba alimwita "Mama", na hakuwahi kumpandishia sauti maishani. Lilikuwa jina la heshima. Lakini Dada alikuwa amegundua zamani kwamba heshima ni kiti kizuri kilichowekwa mbali na moto.

Baba huyo alikuwa fundi redio. Duka lake lilikuwa sokoni, pale daraja linapoanzia, limejaa redio zilizopasuliwa matumbo. Alizaliwa mlimani, akakulia mtoni, na ukimwuliza kabila lake alijibu, "Mimi? Fundi redio. Tuko wachache, lakini tunasikika."

Kila jioni Dada alipomaliza kusoma, alimpisha mdogo wake kitini, akatoka na kutembea kwa haraka hadi dukani. Na kila jioni alikuta jambo lilelile: sauti ya Kinanda imepandishwa hadi mwisho, chuma cha kulehemu kimelazwa juu ya kishikio chake, na baba amekaa mikono mapajani, kichwa kimeinama.

"Ukisoma wewe," muuza vitambaa wa jirani alimwambia siku moja huku akicheka, "Mzee analehemu tu kama kawaida. Akiingia Kinanda, chuma chini! Hata mteja haruhusiwi kukohoa."

Dada alicheka pia. Cheko hilo lilimkwama kooni kama mwiba wa samaki, na tangu siku hiyo kila alipomeza mate alilihisi.

Hakuwa msomaji mbaya. Hakuwahi kukwama kwenye jina la mtu wala la mahali, na tangu aajiriwe alikuwa hajawahi kuivaa aproni. Kinanda alikuwa akikwama mara kwa mara, akajichekea hewani, na watu wakazidi kumpenda. Katika taarifa za asubuhi Dada aliyatazama hayo kupitia kioo cha chumba cha kusomea na kujiuliza ni haki gani hii, mtu kupendwa kwa makosa yake.

Kisha soko likaleta maneno. Vibanda vilipangwa upya, na kila upande ukaamini kwamba mwenzake ndiye aliyepewa mahali pazuri. Wakati ugomvi huo ukiendelea, mchukuzi mmoja wa mtoni, kijana aliyembebea mizigo kila mtu bila kuuliza anatoka wapi, alikutwa amekufa chini ya daraja. Karatasi ya habari ilisema hivyo tu, na kwamba chanzo cha kifo hakijajulikana.

Dada aliisoma ilivyo. Kinanda, ambaye alimfahamu marehemu, alifika katikati ya sentensi, sauti ikakatika, akasema, "Kijana wetu."

Simu za ofisini zikaanza kulia kabla hajamaliza. Watu wa mtoni walitaka kumpa pole. Wengine walitaka kujua ni nani aliyemuua. Mkuu wa kituo, mtu mnene aliyetembea na kalamu mbili mfukoni na kuandika kwa nadra, alitoka ofisini akisugua viganja.

"Umewagusa, mwanangu. Umewagusa hasa."

"Samahani, Mkuu. Imenitoka. Kesho chai ni juu yangu."

"Chai gani? Acha utoto. Kesho hakuna aproni."

Fundi mitambo, kijana mwembamba aliyeitwa Waya, aliondoa visikizi masikioni. "Mkuu, hata mimi nilivalishwa, na mimi siyo msomaji. Nilipiga chafya tu hewani."

Hakuna aliyecheka. Dada alifika dukani kwa kuchelewa jioni hiyo na kumkuta baba amesimama mlangoni, akimngoja Kinanda. Mdogo mtu alipofika, baba alimkumbatia, akakipapasa kichwa chake kwa mkono wenye harufu ya risasi ya kulehemu. "Pole, Kinanda changu. Pole." Dada alibaki ameshika mkoba wake kwa mikono miwili, kama mgeni anayesubiri kukaribishwa.

Usemi husema ulimi hauna mfupa. Wa Dada ulikuwa na mfupa, na aliuvunja mwenyewe kwa hiari yake. Kinanda alikuwa ameteleza kwa kilio. Dada alikaa mezani siku iliyofuata, akili imetulia, akachagua. Pale karatasi iliposema "wafanyabiashara kutoka mtoni", yeye alisoma "wavamizi". Pale iliposema "soko", alisoma "soko letu".

Simu zililia kuliko za jana. Mkuu alimwongezea muda wa kusoma. Wiki hiyo Dada aliyazoea maneno yake kama mtu anavyozoea pilipili: kila siku akahitaji kidogo zaidi. Wavamizi wakawa wadudu. Wao, wao, wao. Kinanda, ambaye lugha ya mlimani aliielewa vizuri, alikaa nje ya kioo akisubiri zamu yake.

"Dada, mama yangu ni mdudu?" alimwuliza mlangoni.

"Sikumsema mama yako."

"Ulimruka wapi? Nionyeshe mahali ulipomruka."

"Wewe ndiye uliyeanza na kijana wako."

"Nilikuwa nalia, Dada! Wewe unalia nini?"

Dada alichukua mkoba wake. Alikuwa na haraka ya kufika dukani, kwa maana jioni hiyo Mkuu alikuwa amebadili utaratibu: Dada alikuwa amerekodi taarifa yake mapema, na ingerushwa wakati yeye mwenyewe akiwa njiani. Kwa mara ya kwanza angeweza kumwona baba akimsikiliza.

Alisimama nje, kando ya vitambaa vya jirani. Sauti yake mwenyewe ilikuwa ikitoka dukani, kubwa na kavu. Na baba alikuwa amekilaza chuma. Mikono mapajani, kichwa kimeinama. Hivyohivyo, kama kwa Kinanda!

Furaha iliyompanda Dada ilikuwa kali kiasi kwamba hakuingia. Alirudi nyumbani taratibu, akiibeba kama kikombe kilichojaa hadi ukingoni.

Soko liliungua siku iliyofuata, jua lilipokuwa likizama. Vijana walitoka upande mmoja wa daraja, wengine wakatoka wa pili, na hakuna aliyeweza kusema ni upande upi uliowasha moto wa kwanza. Duka la fundi redio liliungua pamoja na mengine. Baba alitolewa akiwa hai, mikono yote miwili imeungua.

Asubuhi, kabla hata Dada hajakwenda hospitali, Mkuu aliwaita ofisini. Kinanda alikuwa ametokea wodini, macho yamevimba.

"Poleni sana, wanangu," alisema, na huenda pole yenyewe ilikuwa ya kweli. "Sasa, tusikilizane. Mzee wenu anajulikana pande zote. Dada, utasema: fundi wetu, mzaliwa wa mlimani, ameunguzwa na wao. Kinanda, utasema: fundi wetu, mkwe wa mtoni, ameunguzwa na wao. Kila upande umlilie mtu wake."

"Mzee ni mmoja, Mkuu," alisema Waya kutoka mlangoni. "Tumpitishe msumeno katikati, au?"

"Wewe nenda kwenye mitambo yako!"

Kinanda alimgeukia dada yake akisubiri aseme neno. Jambo baya lilikuwa likimpitia Dada moyoni, na alilitambua lilipokuwa likipita: jioni ile, mbele ya mji mzima, baba angekuwa wake peke yake. Mtu wa mlimani. Hakuna kinanda, hakuna mtoni, hakuna chuma kilicholazwa kwa ajili ya mwingine. Redio ingemkabidhi baba mzima mzima, na malipo yake ni neno moja ambalo tayari lilikuwa limezoea kinywa chake.

Alikwenda hospitali mchana akiwa na neno hilo mdomoni.

Baba alikuwa amelala karibu na dirisha, mikono imefungwa bandeji hadi viwikoni. "Mama, umekuja," alisema. "Nipe maji. Siku hizi nanyweshwa kama mtoto."

Dada alimwinulia kikombe. "Nani walikufanyia hivi, Baba?"

"Wa mlimani waliniuliza mke wangu anatoka wapi. Wa mtoni wakaniuliza binti yangu ni yupi. Nikawaambia mimi fundi redio. Safari hii hawakucheka." Alipumua. "Lakini mikono nimejiunguza mwenyewe. Nilikuwa natoa redio za watu."

Kisha Dada akasema jambo ambalo alijua halikuwa la wakati wake, lakini lilikuwa limemkaa kooni muda mrefu mno.

"Juzi nilipita dukani. Ulikuwa umelaza chuma, unanisikiliza."

"Uliniona?"

"Nilikuona."

"Ulifurahi?"

Dada alikitazama kikombe.

"Kinanda nikimsikiliza nalaza chuma," baba alisema polepole, "kwa sababu yule hukwama. Naogopa atachekwa. Napumua akimaliza. Wewe ulikuwa hukwami, Mama. Zile redio ngumu, zenye nyaya kama unywele, nilikuwa nazitenga mpaka zamu yako. Nikikusikia, mkono unatulia wenyewe. Muulize yeyote, kazi zangu nzuri zote nimezifanya wewe ukisoma." Alijaribu kusogeza kidole ndani ya bandeji, akaacha. "Tangu umeanza na wao, wao, mkono ukawa unatetemeka. Juzi ile nilikaribia kuunguza meza. Ndiyo maana nikakilaza."

Dada alikiweka kikombe juu ya kabati, akaukosa ukingo, na maji yakamwagika. Aliyafuta kwa kanga yake, akaendelea kufuta hata palipokuwa pamekauka.

Jioni aliingia chumba cha kusomea. Taa nyekundu ikawaka. Nje ya kioo alikuwa Kinanda, na nyuma yake Mkuu, mikono kiunoni. Dada alisoma kuhusu moto, akawataja wote waliopoteza mali kwa kazi zao: muuza vitambaa, mshona viatu, mchoma mahindi. Akafika kwenye jina la baba.

"Fundi redio wa sokoni ameungua mikono alipokuwa akiokoa redio za wateja wake wa pande zote. Haijulikani ni nani aliyelitia moto duka lake. Fundi huyo ni baba yetu: mimi, na mdogo wangu atakayewasomea kwa lugha ya mtoni baada yangu. Wiki hii nimewaita watu wavamizi, na nimewaita wadudu. Karatasi niliyopewa haikusema hivyo hata siku moja. Nilisema mimi, na nilisema uongo."

Mkuu aligonga kioo kwa kalamu, kisha kwa ngumi. "Kata! Kata!" midomo yake ilisema. Waya alikuwa ameinama chini ya meza ya mitambo, akitafuta kitu ambacho hakikuwa kimepotea.

Dada alimaliza, akainuka. Kinanda alipopishana naye mlangoni, alimshika mkono, akasema kwa sauti ya chini, "Umesema 'yetu' hewani."

"Najua."

"Chai ni juu yako."

Asubuhi iliyofuata Dada aliambiwa kwamba hatasoma tena. Hakuambiwa kama amefukuzwa. Mkuu alikuwa bado anangoja kuona simu zinasemaje, na simu zilikuwa na matusi mengi, na kati ya matusi hayo kimya cha watu waliopiga wakashindwa waseme nini. Soko lilikuwa bado linafuka moshi. Darajani hapakuwa na mtu aliyevuka.

Alikwenda jikoni, akaitoa aproni msumarini, akaivaa. Ilimbana mabegani. Aliwasha jiko, akateka maji, akapanga vikombe vya watu wote, na cha Mkuu pia.

"Sukari yangu vijiko viwili," Waya alisema akichungulia. "Na usinitemee."

"Toka, wewe."

Kikuza sauti kilichokuwa juu ya kabati la jikoni kilikoroma, kisha ikaingia sauti ya Kinanda na taarifa ya asubuhi. Mahali fulani, dirishani mwa wodi, baba alikuwa akimsikiliza, na Dada aliweza kuona jinsi kichwa kilivyoinama. Wivu ulimchoma palepale pa siku zote. Haukuwa umeondoka, pengine usingeondoka kamwe. Kinanda alifika kwenye majina ya walioumia. Yalikuwa ya pande zote, marefu na magumu, na yalipofika ya mlimani alianza kukwama.

Dada alikuwa ameshika birika, maji yanatokota.

Alilitua chini, akainamisha kichwa, akasikiliza mpaka mdogo wake alipovuka jina la mwisho.