Halabaluu ya Mama Aimable

Mukamusoni alifika kwa Mwalimu Evangelina jioni, akitoka kuchuma kahawa ya watu. Mkononi alishika barua iliyokunjwa mara nne.

"Shikamoo, Mwalimu."

"Marahaba, Mama Aimable. Karibu ukae."

Hakukaa. "Mwenyekiti kanipa barua ya zahanati. Ni Kiingereza. Nisomee."

Wiki tatu zilikuwa zimepita tangu Aimable, mwanawe wa miezi saba, ashikwe na degedege. Mukamusoni alimkimbiza kwenye zahanati moja karibu na Murongo, akakuta foleni. Alipopaza sauti, mlinzi akamtoa nje ya geti. Mtoto alikata roho juu ya bodaboda, wakikimbilia hospitali. Mwenyekiti wa kijiji akaandika kulalamika, na sasa mganga mkuu, mgeni asiyejua Kiswahili, alikuwa amejibu.

Evangelina akaisoma kimoyomoyo. Mama yule, ilisema, aliondolewa kwa sababu ya "hullabaloo", yaani halabaluu. Miaka kumi na minane akifundisha Kiingereza, neno hilo lilimpiga chenga. Akafungua kamusi kwenye simu.

"Wanasemaje?"

"Wanasema ulifanya... zogo. Vurugu. Ni neno la mtaani, la utani utani."

"La utani?"

Evangelina aliona aibu kana kwamba barua ameiandika yeye. Ili asimtazame usoni, akaendelea kusoma. "Asili yake haijulikani vizuri. Huenda limetokana na mwito wa kumwita mtu. Wengine wanadhani ndani yake limo pia neno la Waskoti la kumbembelezea mtoto alale."



"Nilikuwa namwita daktari," akasema Mukamusoni. "Nikishamwita, nambembeleza Aimable. Namwita tena, nambembeleza tena. Sikumtukana mtu, Mwalimu."

"Najua."

"Basi waandikie hivyo."

Evangelina akaandika kwa Kiswahili, makusudi, ili na wao wahangaike kutafuta wa kuwasomea. Mukamusoni akatia dole gumba. Kesho yake Celestin, baba yake Aimable, aliipeleka mwenyewe, akaikabidhi getini. Mwezi ukapita, na wa pili ukapita. Hakuna aliyejibu.

Lakini hayo ni ya baadaye. Jioni ile, wino ukiwa haujakauka kidoleni, mtoto wa jirani alilia nyuma ya migomba. Mukamusoni akajishika kifua. Blauzi ilikuwa imelowa maziwa.

Evangelina akavua kitenge chake, akamfunika. Wakakaa barazani mpaka mtoto yule alipopewa ziwa la mama yake, akanyamaza.