Bata Mzinga wa Caroline

Mwaka 2004 Baba alitoka hospitalini Kajiado, na kaka yangu akamleta kwake Kitengela apate nguvu, nami nikafuatana naye. Mke wa kaka, Caroline, alikuwa amehudhuria mafunzo ya mapishi wiki mbili, basi sasa hakuna aliyejua kupika ila yeye. Alikaanga nyama ya bata mzinga iliyosagwa, akaifunika kwa viazi vya kuponda na jibini, akaitia kwenye oveni. Kulinukia vizuri, hilo silikatai.

"Baba hajawahi kula ndege," nilimwambia. "Wazee wa Kimaasai wa rika lake hawagusi hata kuku. Mpe supu ya mbuzi."

"Wifi, hayo ni mambo ya manyatta. Daktari alisema apunguze nyama nyekundu. Nitamwambia ni ndama, na wewe utanyamaza."

Daktari alisema apunguze. Hakusema adanganywe.

Mezani Baba alichota kijiko, akakitazama. "Hii laini hivi ni nyama gani, mama?"

"Ni ndama, Baba," Caroline akajibu, akitabasamu kama mwenye duka.

"Ni ndege, Baba," nikasema.

Baba alirudisha kijiko polepole, akaomba chai ya maziwa.

Caroline alinivuta jikoni. "Umeniaibisha kwangu. Utaniomba msamaha, ama urudi Kajiado leo."

Nilichukua mkoba wangu. Anayemdanganya mgonjwa kuhusu kilicho kwenye kijiko chake asingoje nimwombe msamaha. Siombi.