Kiti cha Nne

Jumamosi, tarehe 11 Novemba 2017, saa nane na dakika ishirini mchana, kiti cha nne kwenye meza ya Marie-Goretti kilikuwa kitupu. Ilikuwa sherehe ya komunio ya kwanza ya binti yake Mélissa, katika ukumbi wa parokia moja ya Haltom City, Texas. Kwenye kioo cha kamera ya Ottó Szentes, mpiga video wa sherehe, kiti hicho hicho kilikuwa na mtu. Alikuwa Didace, baba wa Mélissa, aliyebaki kambini Tanzania tangu safari za wakimbizi kwenda Marekani zisimamishwe.

Ottó alirekebisha fokasi, kisha akamwita Marie-Goretti. Mama huyo alivaa spika za masikioni, akaweka jicho kwenye kamera.

"Papa Mélissa, umefika saa ngapi?"

"Sijui kama nimefika. Hiyo sahani ya isombe iko ya nani?"

"Yako. Simama, ukuje kula."

Didace alitembea hatua tatu, akagonga ukingo wa picha kwa bega. "Mwambie huyo mzungu afungue."

Ottó aligeuza kamera kushoto. Ukingo ulimsukuma Didace mpaka ukutani. Ottó akairudisha kamera.

Ottó alikuwa ameanza kazi Budapest akiwa na miaka kumi na tisa. Alishika kamera katika filamu kumi na saba, halafu akapiga matangazo ya hospitali Houston, halafu harusi. Mwalimu wake alimpa kanuni moja: kamera haizimwi mpaka mtu atoke kwenye picha. Jioni ya sherehe meza zilikunjwa. Didace hakutoka. Ottó alimwomba padri mahali pa kuchajia betri.

Kazi aliyoahidiwa Ottó kule Houston ilipewa mwingine. Marie-Goretti alipita kila siku baada ya zamu yake ghalani, akiwa na sahani mbili. Moja, ya Didace, ilirudi imejaa.

"Papa Ottó, unazeekea hapa."

"Mumeo ndiye ananizeesha."

"Si uzime tu?"

"Nikizima, atakwenda wapi?"

Marie-Goretti alimsogezea sahani.

Mwaka 2018, Florent, aliyewajazia fomu waumini wa parokia, alishauri nakala ya video itumwe ofisi ya uhamiaji kama ushahidi wa ndoa. Jibu lilikuja baada ya miezi kumi na minne. Lilisema video ilionyesha kwamba Didace, aliyeombewa, yuko Texas. Aliye ndani ya nchi haombewi kibali cha kuingia. Faili lilifungwa. Kambini, jina la Didace lilikuwa limefutwa kwenye orodha ya mgao, kwa kutoonekana.

"Basi niko wapi?" Didace aliuliza.

"Kwenye kiti," Marie-Goretti alisema.

Jumapili, tarehe 22 Machi 2020, ukumbi ulikuwa umefungwa kwa sababu ya ugonjwa. Padri alimfungulia Marie-Goretti mlango wa nyuma. Mama huyo aliketi kiti cha tatu kwa dakika arobaini, akitazama mbele, mkono wake juu ya kiti cha nne. Saa kumi kasoro dakika tano Marie-Goretti alitoka kwenye picha, Didace akabaki. Ottó alichomeka betri mpya, kisha akachomoa ya zamani.