Kidumu Mbele ya Kamera

Irambona, binti wa miaka mitano, alinyoosha mkono hewani, akafungua bomba lisilokuwepo, akasugua viganja vikavu kwa umakini wa padri altareni, kisha akalifunga.

"Dada Kelly, nimenawa."

Mimi, bingwa wa kuficha kengele ya bweni na kuongoza sala ya kuiombea irudi, nilikosa kicheko. Mtoto alikuwa amefaulu somo letu kwa alama zote. Filamu ya kunawa mikono aliyoiiga niliiandika mimi wakati wa likizo, kwa maelekezo ya Bwana Oswald, mkuu wa mradi wa usafi. Tuliipiga mjini, Bangwe, kwenye nyumba ya wageni yenye sinki jeupe kama jino la bandia. Huku kwetu, kambi ya wakimbizi, maji yalitoka kwenye foleni.

Nikaandika nyingine: kidumu kilichotobolewa, kamba, kijiti cha kukanyagia, sabuni inayoning'inia. Mwigizaji mkuu, Irambona.

Asubuhi ya kupiga picha, Bwana Oswald aliisoma akiwa amesimama.

"Kidumu hiki kinatia huruma, Kelly. Wafadhili watasemaje?"

"Shikamoo, Bwana Oswald. Wafadhili wanajua kunawa tayari."

Mpiga picha, Bonaventura, akakohoa kikohozi cha mtu anayemeza kicheko.

"Usinichezee, binti. Turudi kwenye sinki, au jina lako tunaliondoa kwenye filamu."

Nimewahi kuomba radhi kwa makosa mengi, mengine hata sikuyatenda. Radhi ya mdomoni haina uzito. Siku hiyo niliitafuta nikaikosa. Kila mwaka tuliambiwa kambi ni ya muda. Lakini watoto walikula leo, kwa mikono ya leo, na kipindupindu hakimngoji mtu arudi kwao.

"Toa jina, bwana. Kidumu kinabaki."

Nikampungia Bonaventura aanze. Irambona akakanyaga kijiti, maji yakachirizika.

"Zima!" Bwana Oswald aliamuru, akaingia mwenyewe mbele ya kamera.

Irambona akadhani amekuja kunawa. Akamkagua kuanzia viatu hadi saa ya mkononi.

"Oya, baba, hapana," akamkatalia. "Vua saa kwanza. Halafu panga mstari."

Watoto waliopanga mstari nyuma ya Irambona wakasogea, wakamwachia nafasi. Bonaventura hakuzima kitu. Bwana Oswald aliitazama nafasi ile, akawatazama watoto, vidole vyake vikianza kulegeza mkanda wa saa.