Mlio wa Mbuzi wa Gungu

Uwanja mzima wa Gungu ulikuwa unalia kama mbuzi. Watoto, mama zao, vijana wa bodaboda waliosimama juu ya pikipiki zao, wote wamepanua midomo: "Meee! Meee!" Na mimi nimeketishwa kwenye kiti cha plastiki chini ya turubai, nimebandikwa ua la karatasi kifuani kama bibi harusi, nasikiliza uongo unavyonoga ukishapewa kipaza sauti.

Aliyekishika ni Mzee Gervasi, mwenyekiti wetu tangu enzi hizo. Meno yamepukutika, ulimi hauna hata ufa.

"Vijana wananiuliza," alisema, "mzee, kwa nini mashabiki wa Migebuka wanalia kama mbuzi? Sasa leo, sherehe ya klabu, nawajibu. Siku tulipochukua kombe la kwanza, mimi mwenyewe niliwachinjia hawa bibi zenu beberu. Ndiyo asili yake hiyo!"

Makofi yakalipuka. Regina, nahodha wa sasa, binti mwenye mapaja ya kazi na adabu zake, akaniinamia sikioni.

"Shikamoo, bibi. Eti kweli alikuwa beberu mkubwa?"

"Marahaba. Alikuwa mkubwa," nilimjibu. "Mimi sikumla."

Beberu alichinjwa, sibishi. Gervasi si mjinga. Uongo wake huwa anaupa mguu mmoja wa kweli ili utembee. Lakini mlio ule tulikuwa nao kabla ya beberu, na haukuwa wa mbuzi. Ulikuwa wa Kaneza.

Kaneza na mama yake, Révérienne, walishukia Kibirizi, bandarini kwetu, katikati ya miaka ya tisini, ndani ya boti la mizigo, wakitoka Kamenge kule Bujumbura, mtaa uliokuwa unachomwa nyumba kwa nyumba. Walitakiwa waende kambini kama wakimbizi wenzao. Révérienne alipoambiwa kambi ni hema na foleni ya maji, akasema yeye mikono anayo, atauza mihogo. Mama yangu, Agnesi, akawapa chumba cha uani. Hakuwauliza karatasi. Aliwauliza wamekula nini.

Wakati huo Migebuka tulikuwa kichekesho cha mji. Wasichana wa Gungu na Rusimbi, tunacheza na kanga tumejifunga juu ya kaptula, maana tukivua kanga tu, wazee wanatema mate. Walituambia tutakuwa tasa. Nimezaa sita, na mpira nilidaka hadi mimba ya tatu. Gervasi alikuwa na duka la chumvi na mafuta ya taa. Akatununulia mpira wa kweli, wa ngozi, na siku hiyohiyo akajitangaza mwenyekiti. Nani angembishia? Mpira ulikuwa wake.

Jioni moja Kaneza alikuja kuniita nyumbani, mama ananitaka. Mpira ukamwendea miguuni. Akaupokea kwa kisigino, akaupitisha juu ya kichwa cha beki wetu, akanifunga mimi golini, kisha akasema, "Skola, mama yako anakuita." Wote tuliduwaa. Kumbe kaka yake, Audace, alikuwa anamchezesha na wavulana kila walipopungukiwa mtu. Audace alibaki Kamenge. Mnajua maana ya kubaki kule mwaka ule.

Kesho yake Gervasi alikuja uani kwetu, kavaa koti. Akamwinamia Révérienne kama mtu anayeposa.

"Mama, huyu mtoto nipe mimi. Kuanzia leo anaitwa Yunisi, binti wa ndugu yangu wa Kasulu. Nani atathubutu kumgusa mtoto wa Gervasi?"

Révérienne alimtazama sana. Huyu mama alikuwa ameshapoteza mtoto mmoja; huyu wa pili ndiye aliyembakia duniani. "Kweli, mzee?" akauliza. "Hawatamchukua?"

"Labda wanichukue mimi kwanza," akajibu Gervasi.

Kumgeuza Mrundi kuwa Muha si kazi. Lugha zetu ni dada wa tumbo moja, zinagombania maneno machache tu. Nilimkalisha jikoni nikamfundisha. Asubuhi usiseme "mwaramutse," sema "mwakeye." Ukikutana na mkubwa, inama, upige makofi polepole, usiwe na haraka kama mtu anayefukuza inzi. Alikuwa mwepesi jamani. Baada ya muda hata shangazi yangu wa Kasulu alimuuliza ukoo wake.

Neno moja tu lilitushinda. Uwanjani, adui akishika mpira, sisi sote tunapiga kelele, "Mkono! Refa, mkono!" Yeye anapaza sauti, "Me! Me!" Ndivyo walivyouita mkono kule Kamenge, neno la Kifaransa lililochakaa midomoni mwa watoto wa mtaani. Sisi Kifaransa tungekijulia wapi? Watu walisikia mbuzi. Walicheka hadi wakashika mbavu. Mechi iliyofuata walikuja wengi zaidi, na kila adui akigusa mpira, Gungu nzima inalia pamoja naye, "Meee!" Marefa wakawa wanapuliza filimbi kwa kuzidiwa kelele tu.

"Kaneza, sema mkono," nilimsihi. "Silabi tatu tu. M. Ko. No."

"Nikikasirika, Skola, Kiswahili kinanikimbia," aliniambia. "Naja kushtuka, neno la Audace limeshatoka."

Gervasi ndiye aliyenikemea. "Mwache alie! Watu wanakuja kwa ajili yake." Naye akawa anakaa mstari wa mbele, analia kuliko wote, tumbo linamtikisika.

Ikafika tisini na saba. Amri ikatoka kwamba kila Mrundi aliye nje ya kambi akusanywe apelekwe kambini, awe amekuja jana au awe ameshapata wajukuu hapa. Malori yakaanza kupita. Watu tuliokuwa tunachota nao maji wakapandishwa na magodoro yao. Révérienne akaacha kwenda sokoni, akawa anauzia mihogo yake mlangoni. Fainali ya kombe ilikuwa Ujiji, dhidi ya timu ya Kasingirima. Hakutaka Kaneza aende. Gervasi akaja tena na koti lake, akarudia kiapo kilekile, neno kwa neno. Nilikuwepo. Nilimsikia kwa masikio haya.

Basi tukaenda. Dakika za mwisho, hakuna aliyefunga, beki wa Kasingirima akauchota mpira kwa kiganja waziwazi. Kaneza akaruka, mishipa ya shingo imemtoka: "Me! Me! Me!" Gungu yote iliyokuja kwa miguu ikaitikia. Refa akaonyesha penalti. Kaneza akauweka mpira chini, akaupiga kushoto, kipa akaenda kulia. Nilimbeba mgongoni uwanja mzima. Alikuwa anacheka na kulia, ananipiga kichwani kama ngoma.

Tulikuta meza ya kamati imezungukwa. Kombe lipo juu yake, na nyuma yake amesimama Nehemia, mfadhili wa Kasingirima, mtu wa kuvusha vitenge kutoka Uvira, upande wa pili wa ziwa, aliyejua Kifaransa cha kubishana bei.

"Nyie mnacheka mbuzi," alikuwa anasema. "Huyu halii mbuzi. Anasema mkono, kwa Kifaransa. Muha gani wa Kasulu anayecheza mpira kwa Kifaransa? Huyu ni wa ng'ambo, na kombe ni letu."

Mdomo uliponza kichwa, waliosema hivyo walijua. Mgambo waliokuwa wanazuia watoto wasiingie uwanjani wakasogea. Mkubwa wa kamati akamgeukia Gervasi. "Mwenyekiti, huyu ni nani kwako?"

Kaneza alifanya kile nilichomfundisha. Aliinama mbele ya Gervasi, akapiga makofi polepole, bila haraka, vizuri kabisa. Akasema, "Mwakeye, baba."

Jua lilikuwa linazama. "Mwakeye" ni salamu ya asubuhi. Hofu ilikuwa imemchanganyia siku. Nehemia akacheka hadi akainama.

Gervasi hakumtazama. Alitazama kombe. Kisha akaruka kimanga, hivihivi, bila haya, mbele ya timu nzima: "Huyu simjui. Sisi tumedanganywa kama ninyi. Kama ni mkosaji, mimi mwenyekiti ndiye ninayemkabidhi. Mtu mchukueni. Kombe tuachieni, wasichana wangu wametoka jasho."

"Mwongo!" nilipiga kelele. "Wewe ndiye uliyempa jina! Ulimwapia mama yake!" Nilimkamata koti, likachanika begani. Mgambo mmoja akanisukuma akaniuliza na mimi nimetoka upande gani wa mpaka. Wenzangu wakaniziba mdomo. Kamati ikanong'ona, ikaona klabu iliyomtoa mhalifu wake haina hatia, goli libaki. Kaneza akapandishwa kwenye lori, jezi yetu mwilini, miguu mitupu. Alikuwa anamtazama Gervasi kama mtu anayesubiri mzaha uishe.

Ndipo tulipochinjiwa beberu. Supu ilinukia mtaa mzima. Mimi nilikwenda uani kwetu, nikamkuta Révérienne amekaa kizingitini, amemwandalia mwanawe maji ya kuoga.

"Mmeshinda?" akaniuliza.

Nikakaa kando yake, nikamwambia habari ya lori. Asubuhi alifagia chumba, akamrudishia mama yangu ufunguo na masufuria, akajifunga kitenge chake kizuri. Hakuna aliyekuja kumkamata. Alikwenda mwenyewe, akasimama mbele ya wale wenye malori, akawaambia, "Mimi ni Mrundi. Nipelekeni aliko mwanangu."

Niliwafuata mara moja tu kambini, na dagaa wangu kwenye kikapu. Kaneza alikuwa amekonda, ametoboa turubai la hema kidirisha ili mama yake apate hewa.

"Kombe liko wapi?" aliniuliza.

"Sebuleni kwa Gervasi. Ameliwekea maua ya plastiki."

Akacheka kidogo. "Na goli?"

"Limebaki. La Yunisi."

"Yunisi alicheza vizuri," akasema, akaanza kuchambua dagaa. Baadaye kambi ikafungwa, watu wakarudishwa kwao, na sijui mpaka leo kama yu hai. Asante ya punda ni mateke, lakini punda angalau anapiga kwa miguu yake mwenyewe. Gervasi alitumia mdomo tu, na mdomo huohuo leo ulikuwa unanitangaza: "Kipa wetu wa kwanza, Skolastika! Aje awasalimu!"

Regina akanishika mkono hadi mbele. Nikapewa kipaza sauti. Gervasi alikuwa karibu sana, ananuka mafuta ya nazi, ananitabasamia. Macho yake hayakutabasamu. Alijua ninachokijua.

"Wanangu," nilisema, "hakuna mbuzi hapa. Kulikuwa na msichana, anaitwa Kaneza. Mlio huu ni wake. Alikuwa anasema 'me' —"

Hawakungoja nimalize. Walisikia "me," basi ikatosha. Uwanja mzima ukalipuka, "Meee! Meee!" watoto wanaruka, pikipiki zinapigwa honi, Regina na timu yake wameshikana mabega wanalia kwa furaha, na Gervasi mbele yao, analia kuliko wote, tumbo linamtikisika. Niliongea tena, nikaongea tena. Sikujisikia hata mwenyewe.

Nikakirudisha kipaza sauti. Nikanyanyua mkono wangu juu, nikakunjua vidole vyote vitano, nikauacha pale ili wauone.

Wakadhani nawapungia. Nao wakanipungia.